Barua ya wazi kwa Mkurugenzi wa Maudhui: ndoa za watu si chambo

Mheshimiwa Mkurugenzi,

Kwa heshima zote, fomu ya malalamiko ya mtandao wenu wa video tumeijaza mpaka tumechoka, kuhusu klipu zinazokata mazungumzo ya wake wenza ili watazamaji wagombane. Kila mara jibu ni lile lile: klipu haijakiuka mwongozo. Wiki hii zimemwagika nyingine, ndiyo maana tunakuandikia hadharani.

Zinavyotengenezwa tunajua. Mazungumzo ni ya dakika 50. Mke mkubwa anaeleza zamu, matumizi ya nyumba, na walivyokubaliana kabla mke mwenza hajaingia. Katikati ananyamaza, anameza mate, anaendelea. Mkataji anachukua sekunde 9 za ule ukimya, anaondoa swali, anaweka muziki wa huzuni na maandishi mekundu: "AVUMILIA MENGI". Juu ya maoni anabandika: "Wewe ungekubali?" Basi. Watu wanatukanana, kila tusi mfumo wenu wa kupendekeza video unalihesabu kuwa mvuto, na aliyegombana jana analetewa nyingine leo.

Ukewenza, mahusiano ya wazi (wawili wanaoruhusiana kuwa na wapenzi wengine), watatu waliokubaliana kuishi pamoja, na mtu anayemficha mwenzake: vyote vinatiwa kapu moja, hashtegi moja. Kinachovitenganisha ni ridhaa, na ridhaa ndiyo inayokatwa kwanza, kwa sababu haigombanishi mtu. Anayetaka kujua nani analipia nini, vipimo vya magonjwa vifanywe lini, au watoto waelezwe vipi, anaambulia ugomvi.

Tafadhali msituambie haiwezekani kuubadilisha mfumo. Mwaka 2017 Facebook ilianza kuipa alama ya hasira uzito mara 5 ya "napenda" katika kuchagua posti za kuwaonyesha watu. Mwaka 2020 ikaushusha hadi sifuri. Desemba 2017, Facebook hiyo hiyo ilitangaza kuzishusha posti za kuchokoza watu watoe maoni. Na Ulaya, kifungu cha 38 cha Sheria ya Huduma za Kidijitali kinaitaka mitandao mikubwa sana iwe na angalau njia moja ya mapendekezo isiyotegemea wasifu wa mtumiaji, yaani taarifa zilizokusanywa kumhusu. Mitambo ni ile ile. Walio nje ya Ulaya wamekosa nini?

Mliahidi kuwalinda wanaoonekana kwenye video. Tulikuwa na madai mengi, tumebakiza moja. Mama yule akifungua fomu yenu anaulizwa: ni uchi? Ni damu? Ni matusi? Hakuna pa kusema "maneno yangu yamekatwa". Tuwekeeni kisanduku hicho, Mheshimiwa. Kimoja tu, na kisomwe na mtu.