Kimya cha Ofisi Kisigeuze Shamba Kuwa Ploti

Mhariri,

Nimesoma gazeti hili tangu ujana wangu bila kuwaandikia hata mara moja. Lakini ile habari yenu kuhusu wakazi waliokwenda kortini kupinga shamba la kahawa kugeuzwa ploti imenikera. Mliwaita wapinga maendeleo, mkauliza walikuwa wapi hadi tingatinga likafika langoni. Walikuwa papo hapo nyumbani kwao, na hakuna aliyewaambia lolote.

Nayajua haya kwa sababu yametupata. Shamba linalopakana na langu lilikuwa la kahawa tangu enzi za baba zetu. Mwenyewe alipofariki, warithi waliliuza kwa kampuni ya kuuza ploti. Tangazo la kubadilisha matumizi ya ardhi lilipigiliwa kwenye mti wa mgrevilea ndani ya ua, nyuma ya manyasi ya nepia, karatasi moja ndani ya plastiki, yote Kiingereza cha mawakili. Mvua iliingia, wino ukachuruzika, ikasalia nambari ya shamba na nusu ya muhuri. Aliyeliona ni kijana wa kukata nepia, akanibandulia akaniletea. Majirani tukaandika pingamizi, kila mmoja akatia sahihi, tukaipeleka ofisi ya mipango. Karani aliipokea lakini akakataa kuigonga muhuri, eti faili iko kwa mkubwa. Kila tuliporudi, faili bado iko kwa mkubwa. Mwishowe tukaambiwa hakuna tena cha kupinga: siku 60 zimepita bila mwombaji kujibiwa, kwa hiyo amehesabiwa kuwa amepewa kibali.

Nilidhani ni uongo wa kutufukuza ofisini. Kumbe ndivyo ilivyoandikwa katika kifungu cha 58 cha Sheria ya Mipango ya Matumizi ya Ardhi ya 2019! Afisa akilala juu ya faili kwa miezi miwili, awe amezembea au amelipwa azembee, mwombaji anahesabiwa kuwa amekubaliwa. Sheria hiyo hiyo inampa anayelalamika siku 14 tu kukata rufaa kwa kamati ya kaunti, zikihesabiwa tangu uamuzi ulipotolewa. Uamuzi gani, ikiwa hakuna aliyeamua? Tutahesabu kuanzia lini, na barua ya kibali haikuandikwa? Ukiruka kamati ukaenda moja kwa moja kwa Mahakama ya Mazingira na Ardhi, wakili wa upande wa pili anasimama kusema hukumaliza hatua za chini, na mara nyingi jaji anakubaliana naye, kesi inatupwa kabla hata neno kahawa halijatajwa. Wakati huo miche inang'olewa. Mahakama ikikupa haki baada ya hapo, itakurudishia nini? Kahawa hukaa miaka mitatu au minne kabla ya kuzaa vizuri, na udongo uliokwisha kushindiliwa murram hauilei tena. Halafu mnaandika kwamba wakazi walichelewa!

Sasa ploti hizo za futi 50 kwa 100 zimejengwa, na barabara zake zinateremsha maji yote ya mvua kwenye matuta yangu. Wageni wetu hawa wameshanishtaki kwa chifu mara kadhaa: leo harufu ya ng'ombe, kesho dawa ya kopa (shaba) ninayonyunyizia kahawa kuikinga na magonjwa. Walinunua nyumba kando ya shamba, wakaona shamba. Mimi ndiye ninayeitwa barazani kujieleza, na aliyewauzia hajaonekana tangu alipokabidhi hatimiliki ya mwisho.

Sikatai kwamba bei mbovu na madeni ya vyama vya ushirika viliwachosha wakulima kabla ya mabroka kufika. Mwaka wa 1987/88 Kenya ilivuna takriban tani 129,000 za kahawa. Miaka ya karibuni ni karibu 50,000. Lakini tazama Ruiru, kule Kiambu, ambako kituo cha utafiti wa kahawa kilitupatia aina ya kahawa ya Ruiru 11 mwaka wa 1985: ukitafuta kahawa kandokando ya barabara kuu leo utaona vyumba vya kupangisha. Serikali inasema inafufua kahawa. Itaifufulia wapi?

Ninayotaka ni haya. Bunge lirekebishe kifungu hicho cha 58, ili kwa shamba la kilimo kimya cha siku 60 kihesabiwe kuwa kukataliwa. Kibao cha tangazo kiwe cha mbao, upana wa mlango, kisimamishwe barabarani, kwa Kiswahili na kwa lugha ya wenyeji. Tangazo lisomwe katika baraza la chifu, na tena katika kiwanda cha kahawa siku ya malipo, maana siku hiyo hata wazee wasiotoka nyumbani huja. Karani akipokea pingamizi, aigonge muhuri mbele ya aliyeileta na kumpa nakala, na asiyefanya hivyo aandikiwe barua ya onyo. Nanyi, Mhariri, mtumeni mwandishi wenu arudi kwa wale wakazi, awaulize tangazo lao lilipigiliwa wapi.

Mkulima wa kahawa,
Eneo la Kati, Kenya