Mwanaidi, usiache kuigiza

Mpenzi Mwanaidi,

Salamu nyingi, na natumai wewe na watoto hamjambo. Huku sote tu wazima. Barua yako nimeisoma zaidi ya mara moja, hasa pale unaposema watu wanakushauri uachane na uigizaji sasa kwa kuwa umeanza kuongoza filamu. Mimi sikubaliani nao, na sababu yangu ni Vittorio De Sica, Mwitalia aliyekuwa mwigizaji na pia mwongozaji wa filamu.

Alizaliwa mwaka 1901 katika mji wa Sora, Italia. Kabla ya Vita vya Pili vya Dunia Waitalia walimjua kama kijana mtanashati wa sinema za mapenzi. Mwaka 1932 aliimba "Parlami d'amore Mariù" ndani ya filamu ya Mario Camerini, na wimbo huo ukavuma nchi nzima. Angeweza kula kwa sura na sauti ile mpaka uzeeni. Lakini mwaka 1940 akaanza kuongoza, na vita vilipokwisha, yeye na mwandishi Cesare Zavattini wakaigeuzia kamera mitaa ya watu waliokosa kila kitu.

Ladri di biciclette, yaani Wezi wa Baiskeli, ilitoka mwaka 1948. Mtayarishaji wa Hollywood, David O. Selznick, alikuwa tayari kuigharamia mradi mhusika mkuu awe Cary Grant. De Sica alikataa, akamchukua Lamberto Maggiorani, mfanyakazi wa kiwandani ambaye hakuwa mwigizaji. Kuna mahali mke anavua mashuka kitandani yakawekwe rehani, ili baiskeli ya mumewe ikombolewe. Bila baiskeli hapati kazi ya kubandika mabango. Halafu tunamwona mtu wa duka la rehani akipanda rafu na furushi lao. Anapanda, anazidi kupanda, na rafu zote zimejaa mashuka ya watu wengine. Hakuna anayetuhutubia kuhusu umaskini. Kitu kimoja kinaniuma mpaka leo: baada ya filamu Maggiorani alipoteza kazi yake kiwandani, na sinema nayo haikumpa riziki ya maana.

Sasa sikiliza jambo ninalotaka ulishike. Watu hawa wasio waigizaji De Sica aliwaelekeza kwa kuwaigizia. Alisimama mwenyewe, akacheza tendo zima mpaka mkono na shingo, kisha wakamfuata. Katika Umberto D., ya mwaka 1952, mzee anayeishi kwa pensheni ameigizwa na Carlo Battisti, profesa wa isimu kutoka Florence. Ufukara unamlazimisha mzee kunyoosha kiganja aombe. Mpita njia anaposimama kumpa, mzee anageuza mkono upesi, kiganja chini, kama mtu anayetazama iwapo mvua inanyesha. Mwanaidi, aibu yote ya mtu mwenye heshima zake imo katika mkono ule! Mwongozaji ambaye hajawahi kusimama mbele ya kamera angemwandikia mzee maneno ya kusema.

Filamu ile haikuleta fedha, na Giulio Andreotti, aliyekuwa serikalini, aliilaumu hadharani kwamba inaiaibisha Italia. De Sica akaendelea kuigiza katika filamu za wengine, nyingi za kawaida tu, ili apate cha kuendeshea filamu zake mwenyewe (na kamari nayo ilimla sana). Hata hivyo mwaka 1959 mwongozaji mwenzake Roberto Rossellini alimpa nafasi katika filamu yake Il generale Della Rovere, na humo aliigiza vizuri kuliko popote nilipomwona. Mwaka uliofuata yeye akamwongoza Sophia Loren katika La ciociara, na Loren akapata Oscar. Alifariki mwaka 1974, hakuwahi kuacha kazi yoyote kati ya hizo mbili.

Kwa hiyo ile nafasi ya shangazi mkali uliyoitiwa, ichukue, hata kama ni siku chache tu za kazi. Na ukianza kupiga picha zako, yule binti asiyejua kuigiza usimweleze sana. Simama, mwigizie.

Nisalimie mama na wote hapo nyumbani.

Akupendaye,
Zuhura