Baba mdogo, kigango cha babu kiache pale pale

Shikamoo baba mdogo. Nimesoma ujumbe wako: unataka kigango cha babu, ule mti uliochongwa wa kumkumbuka marehemu, king'olewe, kipakwe dawa ya mchwa, kisimamishwe sebuleni kwako Mtwapa kabla wezi hawajakifikia. Nakujibu hadharani kwa kuwa Wagiriama wengi huku pwani ya Kenya wanaulizana hilo hilo.

Hofu yako ina msingi. Vigango vimeng'olewa kwa mamia, vikapitia kwa wauza vinyago hadi Marekani. Kule kijijini Chalani mzee mmoja alipigwa picha mwaka 1985 akiwa kando ya vigango vya nduguze wawili. Haukupita muda, vyote viwili vikaibwa.

Lakini babu alikuwa Gohu, yaani wa kile chama cha siri cha wazee wenye hadhi, na kigango chake hakikuchongwa siku ya matanga. Alimjia shangazi ndotoni, watoto wakaanza kuugua, mganga akasema mzee anadai chake. Ndipo fundi akaitwa. Zile pembetatu zilizochimbwa kifuani, kichwa cha duara, vitambaa vilivyofungwa kiunoni, vyote vilifanywa ili akae pale, anyweshwe mnazi pale, kwenye udongo. Kwenye vigae vyako utamwaga wapi? (Mama mdogo atakufukuza wewe na babu pamoja.) Wazee walipohama mji, yaani boma la ukoo, kigango walikiacha nyuma. Mchwa wakikila, wamekila. Hakikuwekwa kidumu milele.

Makumbusho ya Denver, Marekani, iliamua mwaka 2014 kurudisha vigango 30, vikafika Nairobi 2019. Nilifurahi, ila furaha yenyewe nusu nusu. Kigango kisichojulikana kilitoka mji gani kitapelekwa kwa nani? Nawe ukikihamisha cha babu, vitukuu watakuta gogo zuri lililochongwa, basi.

Vile vya Chalani vilipata bahati ya ile picha. Mwanaanthropolojia Monica Udvardy ndiye aliyeipiga. Miaka mingi baadaye yeye na mwenzake Linda Giles wakavifuatilia hadi Illinois na Virginia, na mwaka 2007 familia ikakabidhiwa vyote viwili. Mwizi hawezi kubishana na picha inayomwonyesha mwenye mali amesimama kando ya mali yake.

Kwa hiyo Desemba njoo na kamera. Tukipige mbele, nyuma na ubavuni, wewe ukiwa umesimama hapo hapo kama mwanawe, na mkorosho ule uonekane. Tuandike jina la babu na la fundi, kila nyumba ibaki na nakala. Hela ya lori la kukihamishia usiirudishe mfukoni: mimi nishazungumza na mgema.