Tumba haikutoka Hispania

Ndugu Mhariri,

Gazeti lako nimelisoma zaidi ya miaka ishirini bila kuandika hata mstari mmoja, ila makala ya Jumapili iliyopita kuhusu asili ya muziki wa salsa imenishinda kuimeza. Mwandishi ameanzia Hispania, akarukia New York, akamaliza. Waafrika hawakutajwa kabisa.

Nimepiga tumba, ile ngoma ndefu ya kupigwa kwa viganja, kwenye bendi za dansi hapa Dar es Salaam tangu ujana. Mwezi uliopita niliitwa kupigia darasa la salsa katika hoteli moja. Mwalimu akanishika kiganja mbele ya wanafunzi wake: "Mzee, punguza Uafrika, hii ni ngoma ya Kihispania." Nikaifunga tumba yangu kwenye shuka, nikapanda daladala.

Gitaa na ushairi vilitoka Hispania, sibishi. Lakini tumba, ambayo Wakuba wenyewe huiita tumbadora, ni ya kizazi cha watu wa Kongo waliopelekwa kule kwa minyororo kukata miwa, na utumwa Kuba haukufutwa mpaka 1886! Arsenio Rodríguez, mjukuu wa mtumwa wa Kikongo, ndiye aliyeipa tumba kiti kwenye bendi ya son, muziki wa Kuba uliozaa salsa, miaka ya 1940. Hata besi ya son ya zamani, marímbula, ni sanduku lenye vyuma vya kudonoa kwa vidole, mpigaji analikalia. Mgogo wa Dodoma akiliona ataita ilimba, kinanda chao cha vidole. Wakuba na Wapuerto Rico wakahamia New York kutafuta riziki, wakakutana na jazi, na mwaka 1964 Johnny Pacheco, mzaliwa wa Jamhuri ya Dominika, akaanzisha Fania, kampuni ya santuri iliyoitangaza salsa, pamoja na Jerry Masucci. Kabla ya hapo, tangu 1933, santuri za muziki wa Kuba zenye alama ya GV zilishairudisha son Afrika, Wakongo wakaigeuza rumba yao, nasi tukaicheza. Mambo yote haya mwandishi kayaruka!

Na redio nazo. Zilipendwa zinapigwa usiku kucha, mtangazaji anaongea juu ya sebene, jina la bendi hataji, wala la aliyepiga solo. Ndiyo maana vijana hawajui.

Mlete mwandishi wako Jumamosi asubuhi. Nitampa vijiti viwili vya kushikia mdundo wa salsa, agonge mara tatu, kisha mara mbili, asipoteze mdundo, mpaka upande mzima wa santuri uishe. Halafu aiandike upya makala ile, ukurasa uleule, na picha ya tumba juu.

Mpiga tumba wa zamani,
Dar es Salaam