Barua ya wazi kwa Jaji Mkuu wa Tanzania kuhusu amri za muda za matunzo ya mwenza

Mheshimiwa Jaji Mkuu,

Kwa heshima na taadhima, naomba unisikilize. Sipingi wajibu wa mume kumtunza mkewe. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 imeuweka, na kifungu cha 115 kinaipa mahakama uwezo wa kuamuru matunzo hata shauri likiwa bado linaendelea, jambo ambalo ni la haki kabisa, kwa kuwa njaa haingoji hukumu.

Mwezi Machi niliamriwa kulipa shilingi 250,000 kila mwezi, kiasi kilichokadiriwa kutokana na mapato ya Hiace yangu ya abiria, nami nikalipa bila kinyongo. Mwezi Juni injini ikafa, gari likalala gereji, nikabaki na vibarua. Nilipokwenda mahakamani kueleza hali yangu, karani aliniambia kwamba amri ya muda haikatiwi rufaa mpaka shauri liishe. Nikarudi nyumbani nikiamini kuwa sina njia, na deni likakua miezi mitano mfululizo huku shauri la msingi likiahirishwa.

Karani hakunidanganya. Sheria ya Mahakama za Mahakimu inazuia rufaa dhidi ya uamuzi mdogo usiomaliza shauri. Lakini jambo ambalo hakuniambia, na ambalo nilikuja kulijua kwa msaidizi wa kisheria, ni kwamba Sheria ya Ndoa yenyewe inairuhusu mahakama, kwa maombi ya yeyote kati ya wanandoa hao, kubadilisha au kufuta amri ya matunzo ikiridhika kuwa ilitokana na maelezo yasiyo ya kweli au makosa kuhusu mambo yalivyokuwa, au kwamba hali imebadilika kwa kiasi kikubwa. Anayekata rufaa anadai kuwa hakimu alikosea. Mimi sikuwa na dai hilo, kwani mwezi Machi hakimu alikuwa sahihi.

Mlango huo ni wa mke pia. Mwanamke aliyepangiwa kiasi kidogo kwa sababu mumewe alificha duka au nyumba ya kupangisha anaweza kuambiwa maneno yale yale niliyoambiwa mimi, na yeye ndiye mwenye watoto wanaosubiri kula.

Naomba utoe waraka kwa mahakimu wote, ili kila amri ya muda ya matunzo iseme ndani yake, kwa Kiswahili chepesi, kwamba kila upande unaweza kuomba ibadilishwe, kwa sababu zipi, na kwa kuambatisha hati ya kiapo pamoja na vielelezo vya mapato. Naomba pia maombi hayo yasikilizwe ndani ya siku 14, bila kungoja shauri la msingi. Yangu niliyawasilisha mwezi Novemba nikapangiwa Februari, na kila mwezi unaopita hapo katikati unahesabiwa kwa kiwango kile kile cha Hiace ambayo haitembei.

Wako mtiifu,
Mdaawa katika shauri la ndoa