Mshukiwa naye ana mama

Mhariri,

Mimi ni mpenzi wa visa vya uhalifu. Hata pasi napiga huku nasikiliza. Kinachonikera ni msimuliaji kutumalizia kisa kwa jina la mtu ambaye hajashtakiwa, eti tuamue wenyewe.

Tuamue nini? Richard Jewell, mlinzi, ndiye aliyeuona mkoba wenye bomu kwenye bustani ya Olimpiki mjini Atlanta, Julai 1996, akasaidia kuwaondoa watu. Siku chache baadaye vyombo vya habari vikamgeuza mshukiwa. Wapelelezi walipopekua nyumba aliyoishi na mama yake, walibeba mpaka vyombo vya plastiki vya mama jikoni. Vyombo vya jikoni, jamani! Hakushtakiwa kamwe. Mwaka 2005, mtu mwingine, Eric Rudolph, alikiri kwamba ndiye aliyelitega bomu lile. Jewell akafariki 2007, ana miaka 44.

Na Alice Hawthorne, aliyeuawa bomu lile lilipolipuka? Wangapi wanamtaja?

Ombi langu: mkimtaja mshukiwa ukurasa wa mbele, siku akisafishwa muiweke habari hiyo huko huko mbele, si chini ya matangazo ya minada.

Msomaji wenu wa kila siku