Kazi nimefanya mimi, sifa kachukua yeye

Shikamoo Anti,

Samahani kwa barua ndefu, sijalala. Naomba usinijibu kama mume wangu, eti "umelipwa, basi nyamaza." Kulipwa nimelipwa, sikatai. Sizungumzii hela.

Ni ile filamu niliyoihariri, ya mifupa ya Tendaguru, ya yule mjusi mkubwa wa kale, dinosaria. Wewe unajua huku Lindi tunavyoiongelea: Wajerumani wamechimba 1909 mpaka 1913, babu zetu wakabeba mifupa kichwani hadi bandarini, leo mjusi mwenyewe kasimama Berlin. Yule bwana mwongozaji kaja na kamera, karekodi bila mpangilio wowote, kaniachia hadidiski, huyo karudi Dar. Nani aliyekesha na yale mazungumzo? Nani aliyetafsiri Kimwera sentensi kwa sentensi, akapanga kipi kitangulie? Yeye alitaka ianzie makumbusho ya Berlin. Mimi nikasema ianze na yule mzee.

Mzee anasimulia babu yake alivyobeba mfupa, halafu ananyamaza. Anapapasa utosi wake kwa kiganja, taratibu. Basi. Bwana akaniambia nipatoe, watu watadhani sauti imekatika. Nikapaacha. Nikatafuta mwisho wa klipu nyingine ya uani kwake, nikachota sauti ya upepo na kuku, nikaitandika chini, ndipo kimya kikasikika kuwa ni kimya na si ubovu wa spika.

Siku ya kuionyesha, watu walisifia pale pale. Naye akashika kipaza sauti akasema alipaona tangu anarekodi! Mimi niko viti vya nyuma, mtoto mapajani. Majina yakapita: mwongozaji yeye, mhariri yeye. Mimi nimo kwenye "shukrani," baada ya dereva. Dereva simdharau, ni mtu mzuri sana.

Mume wangu anasema mhariri ni fundi cherehani, nani anauliza jina lake. Mbona video za harusi ninazokata hapa mjini naweka jina, na bwana harusi hanuni?

Umaarufu sitaki, Anti. Nataka ajue tu. Aa, kujua anajua, nataka aseme. Na kazi naye sifanyi tena, ingawa akipiga simu naipokea haraka kuliko ya mama yangu.

Sasa jana kapiga. Kuna televisheni inataka ipunguzwe ifike dakika 52, na projekti yenyewe, yaani vipande vyote na jinsi nilivyovipanga, iko kwenye kompyuta yangu. Yeye ana filamu iliyokamilika tu. Ananibembeleza, "mdogo wangu, mdogo wangu." Nikimwambia abadilishe majina kwanza, si nitaonekana namtishia? Nikimnyima, yule mzee wa watu ndiyo haonekani tena. Nikimpa, atampelekea kijana mwingine, na najua cha kwanza kukatwa ni pale anaponyamaza.

Au niikate mwenyewe bure, ili mradi pabaki?

Anataka jibu kabla ya Ijumaa. Jina langu usiliandike, mume wangu anasoma ukurasa wako.

Msomaji wako, Lindi